Kanga ya Mama Lugano

Nilipokuwa mtoto wa miaka tisa nilimfichua malaika mwasi katika shamba la migomba kule Masoko, wilayani Rungwe. Huwa naanza kulisimulia jambo hili kwa kucheka, na wanaonisikiliza nao hucheka. Nikifika katikati najikuta naangalia chini, natafuta pa kumalizia haraka. Leo nitajaribu kufika mwisho.

Sisi hatukuwa wenyeji. Baba yangu alikuwa fundi cherehani kutoka Pangani, na alipanda mpaka Rungwe kwa sababu rafiki yake alimwambia huko watu wanashona sare za kwaya mwaka mzima. Kweli walikuwa wakishona. Mama alibaki Pangani kumuuguza bibi, akasema atatufuata, na miaka miwili ikapita bila yeye kuja. Tulipanga chumba cha mbele kwa Mzee Ambakisye, mzee wa kanisa mwenye migomba, kahawa na ng'ombe watatu. Baba aliweka cherehani barazani. Mimi nilipewa kona ya chumba, mkeka, na onyo la kutogusa mkasi.

Kuna kitu kimoja cha Mzee Ambakisye ambacho hakuna mtoto aliyeruhusiwa kukikaribia. Kilikuwa Biblia ya Kinyakyusa, kuukuu, kurasa zake zimekuwa za rangi ya chai, aliyoachiwa na baba yake. Ilikaa juu ya kabati ikiwa imefungwa kitambaa cheupe. Jumapili aliishika kwa mikono miwili toka nyumbani mpaka kanisani, hata mvua iwe inanyesha, na mwavuli akashikiwa na mtu mwingine. Ilipolowa pembe siku moja, aliianika jikoni juu ya moto mdogo, akaisimamia mwenyewe kama maziwa.

Mwanawe alikuwa amejenga ng'ambo ya migomba, na mke wa huyo mwanawe ndiye Mama Lugano. Jina lake ni Tumpe. Nikipiga hesabu sasa, hakuwa amefikisha hata miaka ishirini na tano. Wiki yetu ya kwanza aliniona nimekaa barazani na nywele ambazo baba alikuwa amezishindwa, akanishika mkono bila kuniuliza, akanikalisha katikati ya magoti yake na kuanza kuchambua. Tangu siku hiyo nikawa wake. Alinilisha ndizi za kuchemsha na maziwa ya mgando. Alinifundisha kusema ndaga, yaani asante, na akacheka kila nilipokosea.

"Wewe ni Mnyakyusa uliyepotea," alinitania. "Huku kila ukoo unaanza na Mwa. Ukoo wa Mwajuma uko wapi, tukupeleke kwenu?"

Nilimpenda. Naliandika hili waziwazi kwa sababu yanayofuata yanaweza kumfanya mtu adhani sikumpenda.

Jumamosi moja baba alikwenda nami Tukuyu mjini kununua nyuzi na vifungo, akaniacha na binti wa fundi mwenzake, na yule binti akaona njia rahisi ya kunilea ni kuniingiza kwenye banda la video karibu na soko. Humo ndani mlikuwa na mabenchi, joto, harufu ya karanga, na televisheni moja juu ya stuli. Pembeni alikaa kijana mwenye kipaza sauti aliyejiita Profesa. Kazi yake ilikuwa kututafsiria, na alitafsiri yaliyosemwa na yasiyosemwa.

Filamu ilikuwa ya malaika. Makundi mawili yalipigana juu ya mji wenye theluji, mabawa yakigongana kwa kishindo, na walichokuwa wakigombea ni kitabu kitakatifu ambacho ukurasa wake wa mwisho haujasomwa na kiumbe yeyote. Kitabu kilitunzwa na mzee mmoja katika nyumba ndogo. Malaika waasi walikuwa wameshuka duniani kukitafuta, wamevaa sura za watu wa kawaida, wanapika, wanauza dukani, wanasalimia majirani. Hapo nilikaza macho.

"Sasa utamjuaje mwasi?" Profesa aliuliza kwenye kipaza. "Sikilizeni! Hawezi kumtazama Mtunza Kitabu usoni. Akimwona anakuja, anaficha uso. Anaacha njia. Na jina la Mtunza Kitabu hathubutu kulitaja!"

Halafu akaongeza maneno kwa Kinyakyusa, na banda zima likaangua kicheko mpaka mwanamke mmoja akaanguka kutoka kwenye benchi. Nilimvuta yule binti anieleze, lakini naye alikuwa anafuta machozi ya kucheka. Mimi sikuona cha kuchekesha. Mwishoni mwasi mmoja alivuliwa kofia ya joho lake mbele ya kitabu, na Profesa akapiga kelele kwamba uso wake umefunuliwa na mabawa yanaungua.

Njiani kurudi nilimweleza baba. Akatikisa kichwa. "Malaika hawaasi, mama. Anayeasi ni jini." Kwake yeye mambo yalikuwa yamekwisha. Kwangu mimi hayakuwa yamekwisha, kwa sababu tayari nilikuwa namjua mtu anayeficha uso.

Nilikuwa nimeyaona mara nyingi bila kuyapa maana. Tukiwa njiani na Mama Lugano, Mzee Ambakisye akikohoa mbali, yule dada mchangamfu alinyamaza ghafla, akajitanda kanga mpaka machoni, akaingia kwenye migomba na kuchuchumaa, mgongo kuelekea njiani, mpaka babu apite. Nyumbani hakukanyaga sebule ya babu hata siku moja. Chakula alikipeleka mtoto. Nilikuwa nimedhani labda wamegombana. Sasa nilijua zaidi. Kulikuwa na Kitabu, kulikuwa na Mtunza Kitabu, na huyu hapa aliyeacha njia.

Ilibaki alama ya tatu. Jioni ileile nilimfuata jikoni.

"Mama Lugano, babu anaitwa nani?"

"Babu."

"Jina lake."

Akatabasamu, akasukuma kuni. "Kamuulize baba yako."

"Lakini wewe unalijua?"

"Nalijua, gwe mwana. Kalete maji."

Hakulitaja. Usiku huo sikulala vizuri, na nilipolala niliota theluji.

Watu huniuliza kama nilimwogopa. Nilimwogopa, ndiyo, lakini kulikuwa na jambo jingine ambalo ni gumu zaidi kulisema. Nilifurahi. Katika mji wote wa Tukuyu na vijiji vyake, mimi peke yangu, mtoto wa mpangaji, nilikuwa nimejua siri. Nilijiona nimechaguliwa.

Asubuhi ya Jumapili Mama Lugano alianza kujisuka mwenyewe, akafikia nusu ya kichwa, maji yakawa yamekwisha ndani. Akajitanda kanga tukaenda kisimani, yeye na ndoo, mimi na kidumu. Lugano, mwanawe wa miaka miwili, tulimwacha kwa bibi yake. Tulikuwa tunarudi kwenye ile njia nyembamba kati ya kahawa na migomba nilipokisikia kikohozi cha babu. Mama Lugano alitua ndoo, akajitanda, akaingia pembeni na kuchuchumaa. Nikachuchumaa nyuma yake. Niliona miguu ya babu, suruali nyeusi ya kanisani, halafu mikono miwili na kile kitambaa cheupe.

Alipofika usawa wetu niliishika kanga kwa mikono yote miwili nikaivuta.

Alipiga yowe. Aliinuka akageuka kuikamata, na katika kugeuka akawa ana kwa ana na mkwe wake, hatua mbili tu, kichwa wazi, nywele zimesukwa upande mmoja na upande mwingine zimesimama. Hakuna kilichoungua. Mzee Ambakisye alitupa mikono usoni kujizuia asione, na Biblia ikaanguka kwenye matope, ikafunguka. Nyuma yake walikuwa wanakuja wanawake watatu wa kwaya, wamevaa sare alizoshona baba yangu. Waliona yote isipokuwa mkono wangu.

Niliiachia kanga. Ilining'inia kwenye tawi la mkahawa.

Babu aligeuka akawapa mgongo wote, akasimama hivyo. Mmoja wa wale wanawake akauliza kwa sauti kali, kwa Kinyakyusa, na Mama Lugano akajibu akiwa amejifunika uso kwa mikono, analia. Kisha akarudia kwa Kiswahili, na najua alirudia ili nisikie.

"Imenaswa na mkahawa. Kanga imenaswa, basi."

Alijua. Alikuwa ameuhisi mkono wangu. Nami, badala ya kusema, nilijiambia kuwa hata waasi husema uongo.

Niliamini hivyo mpaka jioni tu. Baba alirudi barazani kutoka kwenye kikao cha majirani, uso umemshuka, akaanza kunieleza kama mtu anayejieleza mwenyewe. Hawa wenzetu, alisema, mke haonani na baba mkwe wake. Hakutani naye njiani, hakai naye, hata jina lake hataji. Si ugomvi, ni heshima, na wao wanaiheshimu kuliko sisi tunavyoheshimu vitu vingi. Ukivunjwa mwiko huo, wazee lazima wakae, na nyumba isafishwe. Mama Lugano alikuwa amesimama kichwa wazi mbele ya mkwe wake, na Biblia ya marehemu ikaangukia tope. Wanasema ni mzembe. Wengine wanasema ni dharau.

"Kwani hukujua?" akaniuliza. "Watoto wote wa hapa wanajua."

Sikujua. Hiyo ndiyo iliyowachekesha kule bandani. Profesa alikuwa amemgeuza malaika kuwa mke mgeni anayemkimbia mkwe wake, na kila mtu alielewa utani ule isipokuwa mtoto wa Pangani. Miaka mingi baadaye niliipata filamu ile, nikaiangalia kwa makini. Ndani yake malaika hawafichi nyuso, hawaachi njia. Ile kofia ya joho ilivuliwa kwa sababu ilikuwa imelowa damu. Alama zote tatu zilikuwa za Profesa.

Halafu baba akauliza, "Wewe ulikuwepo?"

Nikasema, "Nilikuwa bado kisimani."

Kuvuta kanga lilikuwa kosa la mtoto aliyejazwa ujinga, na kosa hilo nimekwisha kujisamehe. Maneno yale matatu niliyasema nikiwa najua kila kitu. Nilikuwa na akili timamu na woga mwingi, na niliyasema huku namtazama baba machoni.

Bibi yake Lugano, mke wa Mzee Ambakisye, alisema mtoto ataugua. Hakusema kwa ubaya. Alisema kama anayetaja mvua itakayonyesha. "Mwiko wa mkwe ukivunjwa, mtoto ndiye anayeshikwa. Mtaona kabla ya Jumapili nyingine." Siku ya Alhamisi Lugano alichemka mwili, akatapika, macho yakazama. Mimi ni muuguzi sasa, nimewapima watoto wasio na idadi wenye homa kama ile, na najua malaria haisubiri mtu akutane na mkwe wake. Lakini siku ile nilijua jambo moja tu, kwamba bibi alisema na imetokea, na kwamba aliyevunja ni mimi. Nilikaa nyuma ya choo nikisoma sura zote za Kurani nilizofundishwa chuoni Pangani. Nilimwomba Mungu amponye Lugano. Sikumwomba anipe ujasiri wa kusema, kwa kuwa niliogopa angenipa.

Lugano alipona. Ile homa, hata hivyo, ndiyo iliyomaliza kesi ya mama yake. Wazee walisema arudi kwao Isongole, huko juu kwenye viazi na baridi, mpaka mambo yazungumzwe na watu wa kwao walete ng'ombe wa kusafishia nyumba. Lugano alikuwa ameshaacha ziwa, kwa hiyo akabaki kwa bibi. Mama yake aliondoka asubuhi na furushi moja. Alipita barazani kwetu, akanisimamisha, akaangalia nywele zangu.

"Mwambie baba akutafutie mtu wa kukusuka," alisema. "Usikae hivi."

Ungekuwa wakati mzuri wa kusema. Baba alikuwa amekaa palepale, anakanyaga cherehani.

Kila jioni, ng'ombe wakirudi, Lugano alisimama mwisho wa uwanja akaita, "Juba! Juba!" Ni mama kwa Kinyakyusa. Alianza kwa sauti ya kawaida akamaliza kwa kilio, na bibi akaja kumbeba. Chumba chetu kilikuwa na dirisha upande ule. Nilizoea kutoka wakati huo, nikaenda kusimama upande wa barabara ambako kelele za pikipiki na mashine ya kusaga zilinizibia masikio. Nilikuwa nimepata mbinu yangu.

Mama Lugano alirudi baada ya miezi saba, watu wa Isongole walipomaliza kuvuna viazi. Mumewe alikwenda kumchukua, ng'ombe alikuwa ameshaletwa, na wanawake wa kanisa wakampokea kwa nyimbo. Lugano hakumtambua mara moja, akajificha nyuma ya bibi. Mama Lugano alichuchumaa akamsubiri, hakumvuta. Jioni akaja kwetu na kifuko cha viazi.

"Hivi ni vya Mwajuma," alimwambia baba. Kisha akanikalisha katikati ya magoti yake kama zamani, akaanza kuchambua nywele. Nilisikia vidole vyake kichwani. Nilingoja aulize. Hakuuliza. Nilikula vile viazi.

Mwaka uliofuata tulirudi Pangani.

Mwaka jana nilipata semina ya kazi Mbeya, ikaisha mapema siku moja, nikapanda gari la Tukuyu na kutoka hapo bodaboda mpaka Masoko. Mzee Ambakisye na mkewe wamezikwa pale pembeni ya migomba, makaburi yamesakafiwa vizuri. Mama Lugano yupo. Amenenepa, anavaa miwani ya kusomea, na ile Biblia sasa iko juu ya kabati lake. Alinitambua kabla sijataja jina.

"Mnyakyusa aliyepotea!" alisema, akanikumbatia.

Nilikuwa nimejiandaa kuanza na salamu ndefu, nikashindwa. Nilimwambia papo hapo, kwenye kigoda, chai haijamiminwa. Nilimweleza habari za malaika, kitabu, Profesa, kanga, na lile neno nililomwambia baba. Alisikiliza huku anamenya ndizi.

"Nilikuona," alisema. "Mkono ulikuwa wako. Nani mwingine?"

"Kwa nini hukunisema, Mama Lugano?"

Alitia ndizi kwenye sufuria kwanza. "Ningekusema, wangesema watu wa pwani wametuletea majini, mpaka mtoto wao anavua watu nguo. Mlikuwa mmepanga kwake... kwa babu yenu. Wangewatoa siku ileile. Baba yako na cherehani yake angekwenda wapi? Mimi nilikuwa na kwetu."

Babu yenu, alisema. Mzee amekufa miaka yote hiyo na bado hakumtaja jina.

Nilitaka kulia, lakini kwa kulia ningekuwa namtwisha kazi ya kunibembeleza. Nilisema, "Naomba nimweleze Lugano na baba yake. Waambiwe haukuwa uzembe wako."

"Waliotakiwa kusikia wapo pale," alisema, akaelekeza kisu kwenye makaburi. Hakusema kwa hasira. Ningependa angesema kwa hasira.

Pikipiki ikaingia uwanjani. Dereva alikuwa Baba Lugano mwenyewe, mvi kichwani, na nyuma yake amepakia msichana mwenye kikapu cha sokoni, amemshika koti kwa mkono mmoja. Alikuwa Neema, mke wa Lugano. Nilisimama bila kujijua. Nadhani nilitaka kumwonya mtu.

"Baba, umenipitisha kwenye matope makusudi!" Neema alisema akishuka, anacheka, anafuta sketi. "Ona!"

"Ungetembea," mkwe wake alimjibu, naye akicheka.

Mama Lugano alicheka pamoja nao. Aliwatazama mpaka walipoingia ndani na kikapu, wakibishana kuhusu matope. Halafu kicheko kikamwisha polepole, akabaki ameshika kisu na ndizi ambayo hajaimenya.

"Miezi saba, Mwajuma," alisema.

Ndilo neno pekee alilowahi kunilaumu nalo, na alilisema kwa sauti ya chini sana. Neema akatoka tena nje, akanijia na mikono yake yenye maji. "Shikamoo, mama. Karibu." Nilimwitikia marahaba. Lakini sikuweza kumtazama, yeye wala mama mkwe wake. Nilivuta mtandio wangu mpaka machoni, nikageukia migomba.